Upande wa Kushoto wa Mama

Nyumbani kwetu hatukuhitaji saa ya kutuamsha. Cherehani ya Mama ilianza kulia kabla ya chai. Ikinyamaza ghafla, tulijua uzi umekatika au mteja ameingia.

Chumba cha mbele ndicho kilichokuwa kiwanda chetu. Meza ndefu ya kukatia ilikaa katikati, pasi kwenye kona, na sakafuni vipande vya vitambaa vya kila rangi. Wateja walimwita Mama "Fundi". Mimi, binti yake, nilitia vifungo na kukunja mapindo.

Mama hakuwa mtu wa kubembeleza. Mteja akilalamika kwamba nguo inambana, alimwambia, "Nguo haijakosea. Mwezi uliopita tumbo hili hukuja nalo."

Asubuhi moja, kitambaa kilimponyoka mkononi. Alijaribu kukishika, lakini mkono wa kushoto ulikuwa umelegea. Mdomo wake ukapinda. Alisema neno, likatoka kama la mtu mwenye chakula mdomoni.

Mjomba, kaka yake mkubwa, anakaa nyumba ya pili. Alikuja mbio. "Mlazeni apumzike," alisema. "Kazi imemchosha."

Nilikataa. Nilitafuta gari, tukampeleka hospitali muda ule ule.

"Ni kiharusi," daktari alituambia. "Mshipa wa damu umeziba upande wa kulia wa ubongo. Mmefanya vizuri kuwahi. Mdomo ukipinda, mkono ukilegea, au maneno yakivurugika ghafla, msingoje mtu apumzike. Mkichelewa, sehemu ya ubongo inazidi kufa."

Mama alirudi nyumbani akitembea kwa fimbo. Mkono wa kushoto ulikuwa dhaifu, ingawa uliweza kukandamiza kitambaa. Tukashukuru. Tulidhani mabaya yamepita.

Kumbe mengine yalikuwa njiani.

Mama alianza kula nusu ya sahani, ile ya upande wa kulia, kisha akalalamika kwamba namnyima chakula. Nikiigeuza sahani, aliendelea kula. "Sasa ndiyo umeongeza," alisema. Alichana nywele upande mmoja tu. Aligonga bega la kushoto mlangoni kila alipopita. Jirani akimsalimia kutoka kushoto, hakuitikia. Watu wakasema kiharusi kimemletea maringo.

Halafu akaja mwokaji mikate wa mtaani kwetu, ameshika shati lake jipya.

"Fundi, nilikupa kitambaa cha shati la mikono miwili."

"Na mikono miwili umepata," alijibu Mama.

Mwokaji alilivaa shati palepale. Mkono wake mmoja ulifunikwa vizuri. Mwingine ulitokea wazi, umejaa unga hadi kwenye kiwiko.

Mama alimtazama. "Umeunyofoa mwenyewe."

"Fundi, mimi nakula mikate. Nguo sijaanza."

"Mkono upo. Ulikuwapo na upo." Mama aligeukia cherehani yake. Mazungumzo yakaisha.

Jioni hiyo Mjomba aliniita uani. "Mama yako akili imemtoka," alisema. "Au anafanya ukaidi wa makusudi. Vyovyote vile, anatuaibisha. Tufunge hiki kiwanda. Cherehani nitampa mkwe wangu. Mama yako atahamia kwangu, chumba cha nyuma, apumzike."

"Nakusikia," Mama alisema kutoka ndani. "Sikio halikupata kiharusi."

Lakini Mjomba hakubadili nia. Alisema atakuja na mkokoteni mwisho wa mwezi.

Sisi wa nyumbani tulimhurumia Mama, tukafanya kila kitu kiwe rahisi kwake. Mkasi tuliuhamishia kulia. Chaki, futi, bobini ya uzi, kikombe cha chai, vyote kulia. Hata mteja tulimwambia akae kulia. Mama hakuhangaika tena kutafuta vitu. Tulijiona tumepata dawa.

Ndipo akaja mtaalamu wa mazoezi kutoka hospitali, mwanamke mrefu anayezungukia nyumba za waliopata kiharusi. Alisimama mlangoni, akaitazama meza.

"Nani kaipanga hivi?"

"Sisi," nilisema. "Ili asisumbuke."

"Mmemfungia nusu ya chumba. Mngemwekea na kufuli."

Alitandika kitambaa cheupe mezani, akatawanya pini pote, kutoka ukingo mmoja hadi mwingine. "Fundi, hebu nikusanyie pini zote."

Mama alizikusanya za kulia, moja moja. "Tayari."

"Zimekwisha?"

"Labda zingine unazo mfukoni."

Mtaalamu alishika kitambaa akakizungusha, kama mtu anayegeuza sinia. Pini zilizobaki zikaja upande wa kulia. Zilikuwa nyingi.

Mama aliokota moja. "Nani kaziweka hizi?"

"Zilikuwapo."

Mama akanitazama. Nilitikisa kichwa kukubali. Sikuwa nimewahi kumwona Mama akiogopa kabla ya siku ile.

"Macho yangu yamekufa?" aliuliza.

"Macho ni mazima," alisema mtaalamu, akavuta kiti, akakaa kushoto kwa Mama. "Hebu niambie, uzi wa cherehani unafikaje kwenye sindano?"

Hilo Mama hakulifikiria mara mbili. "Unatoka kwenye kidonge chake. Unapita kwenye kulabu, unaingia kati ya visahani vinavyoukaza, unapanda kwenye kile kijiti kinachoenda juu na chini. Ndipo unashuka kwenye sindano."

"Ukichomoka kwenye visahani?"

"Mshono unaruka. Sindano inadunda bure."

"Utaitupa sindano?"

"Sindano ina kosa gani? Nitaurudisha uzi kwenye njia yake."

"Sasa sikiliza. Ndani ya ubongo kuna seli nyingi mno za neva. Seli moja peke yake haifanyi jambo kubwa. Zinapelekeana habari, hii kwa hii, kwa njia zake. Njia hizo zikiungana tunaziita mizunguko. Uko mzunguko unaokusaidia kutembea. Uko wa kukumbuka, uko wa kuzuia hasira. Na uko unaokwambia, 'Angalia, kuna kitu pale.' Kwa watu wengi, upande wa kulia wa ubongo ndio unaobeba kazi kubwa ya kuangalia kushoto. Kiharusi kimekata njia hizo. Jicho linaona, lakini habari haifiki pale inapotakiwa kujaliwa."

"Kwa hiyo hadanganyi?" niliuliza.

"Hadanganyi. Hakurogwa, wala si ukaidi. Tabia yake imebadilika kwa sababu njia zimebadilika."

"Ukaidi ninao," alisema Mama. "Huo msiupe kiharusi. Ni wangu wa zamani."

Mtaalamu alicheka. Kisha akasema polepole, "Seli zilizokufa hazirudi. Lakini zilizobaki zinaweza kujifunza. Njia ikitumiwa tena na tena huimarika. Isipotumiwa hudhoofika. Ndiyo maana meza hii inakudhuru. Siwezi kukuahidi kwamba utakuwa kama zamani. Wengine hupata nafuu kubwa, wengine ndogo."

Mama aliisukuma pini moja kwa kidole.

"Yaani ubongo wangu unanificha nusu ya chumba changu mwenyewe?"

"Ndiyo."

"Basi tutaona nani atamchoka mwenzake."

Siku ile ile tuliipanga meza upya. Mtaalamu alibandika utepe mwekundu kwenye ukingo wa kushoto. Sheria ilikuwa moja: Mama asikate wala asishone kabla macho yake hayajafika kwenye utepe. Mkasi na chaki tulivirudisha kushoto, kidogo kidogo. Tulizungumza naye kutoka kushoto. Akila, alipitisha kidole kwenye ukingo wa sahani hadi azunguke yote.

"Akisahau, msikimbilie kumpa jibu," mtaalamu alituonya. "Mpeni nafasi ajitafutie. Mkimtafutia ninyi, mnafanya mazoezi ninyi." Alitukataza pia kumwachia pasi ya moto au kumwacha avuke barabara peke yake. Hapo Mama aligomba sana. Mtaalamu hakulegeza kamba.

Haikuwa rahisi. Kuna siku Mama alisema "utepe, utepe, utepe" kama mtu anayegombana na mlevi, na bado mkasi ukakata kabla hajafika. Kuna siku alirusha chaki ukutani. Akichoka, upande wa kushoto ulitoweka kabisa, tukalazimika kuacha. Kola ya kwanza aliishona ikakaa kama mdomo wa mtu aliyenuna. Aliifumua, akaanza tena. Mimi nilitaka kumsaidia. Alinipiga kidole kwa futi.

Mwisho wa mwezi Mjomba alikuja na mkokoteni na msukumaji wake.

"Dada," alisema, "tusivutane. Hujafa hujaumbika. Yaliyokupata kubali."

Mama hakuinuka kwenye kiti. "Mimi nimekufa?"

"Hujafa."

"Basi bado naumbika. Vua koti."

"Koti la nini tena?"

"Nakushonea shati. Nitalikata na kulishona mbele yako, bila mtu kunigusa. Likikosa mkono, beba cherehani, na mimi mwenyewe nipandishe juu ya mkokoteni."

Mjomba alinitazama. Nilitazama dirishani. Alivua koti.

Mama alimpima. Alitandika kitambaa, macho yakaenda kwenye utepe, yakarudi, ndipo mkasi ukaingia. Alifanya kazi taratibu kuliko zamani. Msukumaji alichoka kungoja, akalala juu ya mkokoteni wake.

Mchana ulipokuwa umekwenda sana, Mama aliuondoa mguu kwenye kanyagio. Shati lilikuwa mezani mbele yake. Mkono mmoja ulikuwa umeshonwa. Mwingine bado ulikuwa kwenye ukingo wa kushoto, peke yake, karibu kuanguka.

"Tayari," alisema.

Mjomba alifungua mdomo. Nilimkanyaga mguu.

Mama aliweka kiganja juu ya shati, akakisogeza kushoto. Akasogeza tena, kama mtu anayepapasa ukuta gizani. Vidole vikafika kwenye tundu la bega, vikaingia ndani.

"Hapa pako wazi," alisema. Macho yalifuata vidole, yakafika kwenye utepe, yakauona mkono uliobaki. "Na wewe ulikuwa unakwenda wapi?" aliuambia mkono ule, akauvuta.

Cherehani ikalia tena.

Mjomba alilivaa shati. Aliinua mikono yote miwili, akaishusha. Akajigeuza. Akagusa shingo.

"Kola inanibana kidogo."

"Shingo imenenepa kwa kusema," Mama alijibu.

Mjomba alitoka nje, akamwamsha msukumaji, akamwambia aende zake. Mkokoteni uliondoka mtupu.

Mama alishona miaka mingine mingi. Hakuwa kama zamani, na sisemi uongo hapa. Mkono wake ulikwenda polepole, na kila nguo niliikagua kabla haijatoka. Siku za uchovu bado aligonga bega mlangoni. Lakini mwokaji alirudi, na wateja wengine wakarudi. Majirani wenye wagonjwa wa kiharusi walikuja kumwona, naye aliwakalisha kushoto kwake akawaambia, "Mgonjwa wako akibadilika tabia, usianze na matusi. Anza na hospitali."

Sasa Mama hayupo. Tulipomzika, mtu mmoja alisema kwa huruma, "Maskini, miaka ya mwisho akili haikuwa yake."

Mjomba ndiye aliyejibu.

"Akili ilikuwa yake," alisema. "Njia zilikatika, akatengeneza nyingine. Wewe na njia zako zote nzima, umetengeneza nini?"