Kisigino Alinitangulia Kila Kituo

"Binti, ni huyu uliyemripoti?"

Walinzi wawili walikuwa wamemshika mzee mmoja, kila mmoja na mkono wake. Kofia yake ilikuwa imeanguka sakafuni. Simu yake walishamnyang'anya.

Nikamtazama usoni...

Jamani! Alikuwa baba yangu mzazi!

Nikaishika simu yangu kwa mikono miwili.

Mlinzi mmoja akamgeukia yeye.

"Mzee, unamjua huyu binti?"

Baba akanitazama. Akaitazama simu iliyokuwa mkononi mwangu. Akanitazama tena, polepole, kama mtu anayesoma barua ya msiba.

Halafu akasema:

"Simjui. Sijawahi kumwona."

Na mimi, ndugu zangu mnaosoma hapa... mimi niliyekuzwa kwa jasho la yule mtu...

Nikanyamaza.

Ngoja niwaeleze tulifikaje pale. Mtanihukumu mkimaliza kusoma.

Nilimaliza chuo mwaka juzi, shahada ya mipango miji. Nilitoka pale nikiamini kwamba mji ni kama mtu: ukiujua utaupenda, na ukiupenda utautunza. Msinicheke. Naamini hivyo mpaka leo.

Kazi sikupata. Nilipeleka barua za maombi mpaka mlinzi wa ofisi moja akanibatiza jina. "Bahasha, umekuja tena?"

Ndipo nikaona tangazo. Kampuni moja changa ilikuwa imetengeneza mchezo wa simu unaoitwa Msako. Unaupakua, unajisajili, unaingia mtaani peke yako. Simu inakupa kitendawili. Ukikifumbua, unakwenda mahali penyewe kwa miguu, unapiga picha, unapewa kitendawili kingine. Vituo arobaini, siku thelathini.

Na zawadi ya mshindi? Ajira ya mwaka mmoja!

Kazi yenyewe ni kuzunguka mjini, kutafuta maeneo yaliyosahaulika na kuyatungia vitendawili. Nilisoma tangazo lile mara nne. Ilikuwa kama mtu amechungulia moyoni mwangu akaandika alichokiona.

Jioni ile nikawaonyesha nyumbani. Baba alikuwa mlangoni anavua viatu, amevaa sare yake ya bluu ya kiwanda cha sabuni.

"Mchezo wa simu ndio utakupa kazi?"

"Baba, si mchezo tu..."

"Nimekusomesha miaka yote hiyo uje ukimbizane na picha barabarani? Tafuta kazi ya kukaa kitini, mwanangu."

Mama akanikonyeza ninyamaze.

"Sawa, baba," nikasema. "Nimeacha."

Sikuacha.

Kesho yake nikajisajili. Jina la mchezo: Binti Ramani. Taarifa nyingine sikuzijaza, kwa sababu kitambulisho kinaonyeshwa mwishoni tu, kwa watakaofika.

Kila asubuhi nikawa naaga, "Naenda kupeleka barua za kazi." Baba naye anachukua kopo lake la chakula anaelekea kiwandani. Tulikuwa tunaongozana hadi kona ya kinyozi. Yeye anakata kushoto, mimi kulia.

Kitendawili cha kwanza kilisema: "Nina uso sina macho, nina mikono sishiki kitu, na nimechoka tangu kabla hujazaliwa."

Nikakimbia hadi kwenye mnara wa soko, ambako saa kubwa imesimama kwenye saa nne na dakika tano miaka nenda rudi. Nikapiga picha, moyo unadunda kwa furaha.

Simu ikaandika: *Wa kwanza kufika hapa: Kisigino.*

Nikasema haidhuru, ni mwanzo tu.

Kituo cha pili, daraja la waenda kwa miguu. Kisigino.

Cha tatu, ngazi za mawe zilizolika katikati kwa nyayo za watu. Kisigino!

Cha tisa... cha kumi na tano... Kisigino, Kisigino, Kisigino!

Nilianza kumwota. Nilimpa sura kabisa: kijana mwenye pikipiki, miwani ya jua, anatafuna pipi ya mpira akinicheka.

Kusema kweli, mimi nilikuwa natembea nusu siku tu. Nusu nyingine nilikuwa napeleka barua kwelikweli, ili uongo wangu usiwe uongo mtupu. Ndivyo nilivyo.

Wakati huohuo nyumbani kulikuwa na mambo madogomadogo ambayo leo yananichoma.

Mama anakunja nguo, ananusa. "Baba Bahasha," maana jina langu la utani lilishafika mpaka nyumbani, "mbona sare yako siku hizi hainuki sabuni?"

"Wamebadilisha dawa," baba anajibu.

Jioni nyingine akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mwanangu, una plasta? Kiwandani siku hizi tunasimama sana."

Nikampa mbili. Visigino vyangu mwenyewe vilikuwa na plasta zilezile. Yeye hakuuliza changu, mimi sikuuliza chake.

Siku ya ishirini na sita orodha ya wachezaji ndani ya Msako ikaonyesha Kisigino amepita vituo vitano kwa siku moja. Vitano! Toka reli hadi makaburi ya zamani, toka makaburi hadi kiwanda cha uchapaji. Nikapiga hesabu ya masafa kwenye ramani. Nikajiambia, huyu si mtu mmoja. Hili ni kundi zima linatumia simu moja, linatuibia sisi wanyonge!

Kwenye Msako kuna kitufe cha kuripoti.

Nikakibonyeza.

Niliandika aya tatu, wapendwa. "Naamini katika haki. Mchezo huu ni tumaini la vijana wasio na kazi. Tafadhali mchunguzeni Kisigino..." Niliisoma mara mbili nikajisikia mtu mwema.

Wakajibu: "Asante. Tutamhakiki kituo cha mwisho."

Kitendawili cha arobaini kikaja: "Nyumba mia sita, milango mia sita, funguo mia sita, na hakuna aliyewahi kulala humo."

Masanduku ya barua! Ukumbi wa posta ya zamani!

Nilikimbia kama mwehu. Nilipoingia, masanduku yamepangwa ukutani toka sakafuni hadi juu, na chini yake walinzi wamemshika mzee. Walimwomba kitambulisho, akageuka aondoke, wakamdaka.

Mengine mnayajua. Aliulizwa, akanikana. Na mimi nikanyamaza.

Kwa nini nilinyamaza? Nimejiuliza kila siku. Nilipigwa na butwaa, ndiyo. Lakini si butwaa peke yake. Kulikuwa na sauti ndogo ndani yangu ikisema: *subiri kwanza, usije ukaharibu.*

Dada mmoja wa kampuni ya Msako akasogea, simu yake pana kama sahani.

"Basi. Mzee hana kitambulisho kinacholingana na akaunti. Kisigino ameondolewa. Binti Ramani, hongera! Wewe ndiye wa kwanza."

Hongera. Neno hilo nililisubiri miaka miwili.

Baba akatabasamu. Kidogo tu, pembeni mwa mdomo, huku walinzi bado wamemshika. Mtu aliyekamatwa kama mwizi, anatabasamu! Nilikuwa sijaelewa.

"Naomba kitambulisho chako tukamilishe," dada akasema.

Tabasamu la baba likafa palepale.

"Dada," akasema haraka, "si lazima leo..."

Nilishampa. Akakisoma. Akatazama simu yake. Akakisoma tena.

"Mbona jina hili ninalo hapa?"

Akanigeuzia kioo cha simu. Ilikuwa akaunti ya Kisigino, taarifa za mchezaji.

Jina langu!

Majina yangu yote matatu. Tarehe yangu ya kuzaliwa. Shahada: mipango miji.

"Una akaunti mbili?"

"Hapana! Mimi sijui... Baba!"

Hapo ndipo nilipomwita baba. Nilikuwa nimeshachelewa.

Walinzi wakamwachia. Akaokota kofia, akaipangusa kwa mkono.

"Mwanangu hana kosa," akasema. "Nilimsajili mimi. Nilitaka jina lake likishinda nimpelekee habari, basi."

"Lakini baba, si ulisema ni kukimbizana na picha?"

"Nilisema. Ukanijibu 'sawa, baba'. Ile sawa yako ilinikaa kooni kama mwiba."

"Na kazi? Si uko zamu saa hizi?"

Akainamia kofia yake.

"Walitupunguza. Huu ni mwezi wa nne sasa. Nilikuwa natoka asubuhi kwa sababu sikujua nitakaaje nyumbani nikimtazama mama yako. Nikaona kama natembea bure, bora nitembee kwa ajili yako."

Mlinzi mmoja akamrudishia simu yake.

"Sasa huyo Binti Ramani," akaongeza, akijaribu kucheka, "alinikosesha raha! Nikawa nasema, huyu mtoto wa watu ana akili, Mungu ampe kazi kwingine."

Nililia. Dada wa kampuni naye akawa anapepesa macho.

"Dada, tusaidie," nikamwambia. "Umesikia mwenyewe."

"Nimesikia, mdogo wangu. Lakini ni sheria. Mtu mmoja, akaunti moja. Jina likitokea mara mbili, zote mbili zinafutwa."

"Basi usiandike kwamba limetokea!"

"Nimeshachukua picha ya kitambulisho. Mfumo umeshaliona."

"Mpigie mkubwa wako!"

Akapiga. Akasimama pembeni dakika mbili nzima, anaeleza, anapunga mkono hewani. Akarudi.

"Anasema poleni sana."

Tukasimama watatu tukitazama kile kioo. Kisigino akafutika. Binti Ramani akafutika. Wa tatu akapanda juu, mtu aliyekuwa bado kituo cha thelathini na mbili, ambaye hata hakujua kilichotokea.

Niliyemripoti alikuwa mimi mwenyewe.

Tulirudi kwa miguu. Tulipopita chini ya saa ya soko, baba akasema bila kuinua kichwa, "Mkono wake mkubwa umekatika ncha. Ukisimama upande wa wauza ndoo ndipo unaona."

Nimepita pale maisha yangu yote. Nina shahada. Sikuwahi kuona.

Ile kazi ilikuwa yake. Si yangu, yake. Na kwenye fomu hakujiandika.

Mama alikuwa kizingitini. Akatutazama miguuni kabla ya usoni.

"Leo mmerudi pamoja."

"Mama Bahasha," baba akaanza, "nina jambo..."

"Kaa kwanza uvue viatu. Miezi minne nafua sare ya mtu wa sabuni haina hata tone la povu. Mlidhani nafua nikiwa nimeziba pua?"

"Ulijua?" nikashangaa. "Mbona hukusema?"

"Siri ya mtu mzima haipokonywi, mwanangu. Unasubiri akupe."

Akaleta beseni la maji ya moto. Moja. Tukaloweka miguu humo, baba na mimi, bila kutazamana.

Asubuhi yake tulikaa mezani watatu. Sare ilikuwa imekunjwa kabatini. Simu yangu ikalia, ujumbe kutoka Msako.

"Nisomee," baba akasema.

Nikamsomea: *"Mpendwa Binti Ramani, asante kwa kulinda haki ya mchezo. Ripoti yako imeshughulikiwa kikamilifu."*

Baba akatikisa kichwa taratibu.

"Yule dada alinionyesha ile ripoti yako jana, kabla hujafika posta. Umeiandika vizuri sana. Haina kosa hata moja."

Alimaanisha, jamani. Hakuwa ananisuta. Hapo ndipo iliponiuma zaidi ya yote.

Wapendwa, bado naamini katika haki. Ila nimejifunza hili: niliweza kufumbua vitendawili vya mji mzima, nikashindwa kumuuliza mtu wa nyumbani kwangu kwa nini anaomba plasta. Kabla hujabonyeza kitufe cha kumshtaki usiyemjua, kwanza wajue wale unaokula nao sahani moja. Ulizeni. Waambieni na ya kwenu.

Saa mbili ilipofika baba akasimama, akavaa viatu.

"Unaenda wapi, baba?"

"Sijui."

Nikavaa vyangu nikamfuata. Tulipofika kona ya kinyozi, hakuna aliyejua akate upande gani.

Tukasimama pale.