Sauti Aliyopewa Elvira

Mola anisamehe, karafuu za Zubeda nilizitoa mie. Nilikuwa nafagia studio ya Nurdin, Temeke, nikaziokota zile alizokwisha kuzitafuna kulainisha koo, nikamkabidhi Salma, mtoto wa mama yangu mdogo. Sikumuuliza za nini. Nilijua.

Miaka sita Salma ndiye aliyekuwa akiwasemea Kiswahili wanawake wote wa filamu za nje zinazooneshwa kwenye vibanda umiza. Kisha Nurdin akapata filamu za Elvira, mwigizaji wa Kitaliano wa enzi zile filamu hazina sauti. Zilikuwa kumi na moja. Ya kwanza Elvira ni kigoli. Baadaye bibi harusi, mara malkia. Ya mwisho mjane mwenye mvi. Filamu zilipoanza kusema, wenye kazi wakamwacha.

Nurdin akampa Zubeda amsemee, si Salma. Zubeda akamtia maneno ya uswahilini, "Mume umemchukua, haya, mfulie na soksi!" na vibanda vikalipuka kwa vicheko. Hata sokoni Buguruni ikawa haitwi Zubeda tena, anaitwa Elvira.

"Elvira gani, mdomo kama kapu!" alisema Salma. Usingizi ukampaa wiki nzima.

Mganga mmoja wa Pugu akazipokea karafuu. "Sauti haifi," alinong'ona. "Nitajie wa kumpa."

Salma akacheka. "Mpe huyo huyo Mtaliano. Bubu miaka mia."

Kesho yake asubuhi Zubeda alisimama mbele ya maiki, akafungua mdomo. Hakikutoka kitu. Hata kikohozi.

Nurdin akampigia Salma. Alikuja kajipamba, akaingia kwenye kile kichumba, akavaa hedifoni. Ilikuwa imebaki filamu ya kumi na moja, haijaguswa, haina hata mlio. Elvira kaketi dirishani na mvi zake.

Salma akasikia mtu anavuta pumzi.

Akageuka. Hakuna mtu.

"Karibu, shoga."

Sauti ilikuwa ya Zubeda. Midomo ilikuwa ya Elvira.

Salma akabonyeza kusimamisha. Picha ikasimama. Midomo haikusimama.

"Hii nzuri," ilinong'ona. "Ila ya kisichana mno, na mie mjane. Hebu sema kidogo, nisikie ya kwako."

Salma akaziba mdomo kwa mikono miwili. Elvira akainuka dirishani. Akasogea. Uso ukajaa kioo chote.

Tulimkuta chini ya meza, mikono bado mdomoni. Kwenye mtandio wake, penye sikio, palikuwa na alama ya midomo, nyeusi kama wino. Nimeufua, nimeutia jiki. Kitambaa kimechujuka, alama ipo.

Haya yote Salma kaniandikia kwenye daftari. Sauti anayo, ila haitoi, Elvira asije akaisikia.

Zubeda naye kila alfajiri huinua mikono, midomo ikacheza, asisikike. Ndugu yangu, ukiswali leo, nakuomba umwombee Zubeda. Yeye hakumkosea mtu.