Siku Kumi na Nane za Uweso

Komeo la mlango wa uani lililia kidogo, kama mtu anayejizuia kukohoa. Giza lilikuwa bado totoro. Umeme ulikatika tangu isha, nami nilikuwa mezani na daftari, nikimulika kwa tochi ya simu.

Nilijua ni nani. Uweso, baba wa mwanangu, aliyenipa talaka moja miezi miwili na siku kumi na mbili nyuma. Yeye alilala chumba cha uani, mimi na Mboni chumba cha ndani, maana eda, muda wa kungoja baada ya talaka, mwanamke huimalizia nyumbani kwa mumewe. Nyumba moja, hapa mtaani Mabawa, birika moja, na hakuna kugusana.

"Hujalala, Mama Mboni?"

"Nimeamka nifanye kazi ya Mwalimu Ernesti."

"Saa kumi hii?"

"Mchana nafua, jioni niko darasani. Nifanye lini?"

Akasimama mlangoni na ovaroli yake ya kiwandani. Hakuondoka.

"Kazi gani hiyo?"

"Katupa neno moja la Kiingereza, faya. Tuorodheshe maana zake, za kitabuni na za mtaani, kila moja na mfano."

"Moto."

"Moto hata Mboni anajua."

"Kufyatua bunduki. Na vijana wakisikia wimbo mkali wanasema huu ni faya."

"Ninazo zote. Ninayo na kuchoma chungu tanurini, na kumwandama mtu kwa maswali."

"Hiyo ya maswali mfano wake wewe."

Nikacheka. Sikutaka, nilikuwa nimechoka hadi mifupa, lakini kicheko kikatoka chenyewe.

"Iliyobaki ni kumwachisha mtu kazi. Sina mfano."

Uweso akaitazama ovaroli yake.

"Andika mimi."

"Nini?"

"Waliniachisha, Tausi. Wiki moja kabla sijakutamkia lile neno."

Kalamu ikanilala mkononi.

"Na kila asubuhi unakwenda wapi?"

"Naosha magari kule Raskazone, pamoja na rafiki yangu Haji. Ovaroli naivaa ili watu wa mtaa wasiseme."

"Kumbe hukuniacha kwa sababu ya masomo."

"Ulirudi usiku ule na daftari kifuani, unang'aa. Mimi sina kazi. Nikajiona nimekuwa mdogo ndani ya nyumba yangu. Nikakosa la kusema, nikasema baya."

"Ungesema hilo tu, Uweso. Hilo tu."

"Nipe muda. Eda yako bado siku kumi na nane. Nipate kazi ya maana, nikurejee nikiwa mtu."

Akatoka. Mimi nikabaki na mkono tumboni.

Siku kumi na nane! Alihesabu miezi mitatu kwenye kalenda, kama wanaume wengi wa hapa. Kumbe mwanamke anayepata siku zake hahesabu miezi, huhesabu tohara tatu, vile vipindi vya usafi kati ya damu na damu. Damu ya kwanza ilikuja, ya pili ikaja. Ya tatu ikitoka tu, eda imekwisha, na hana tena la kurejea. Na tumbo lilikuwa limeanza kunikata tangu jana.

Kulipokucha nilikwenda jikoni kwa Shangazi Khadija, shangazi yake Uweso, anayeishi nasi.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Uso huo vipi? Umepigana na paka?"

Nikamweleza. Akaacha kukuna nazi.

"Leo?"

"Pengine leo."

"Na mwehu wangu anahesabu kalenda! Ebo! Lakini sikiliza, mwanangu. Mwanamke haombi kurejewa. Ukimwita leo, kesho atakukumbusha kwamba ulimwita."

"Nisipomwita?"

"Utakuwa huru. Akikutaka aje upya, na posa, na mahari, na wewe useme ndiyo au hapana."

Maneno yake yalikuwa ya kweli. Nikakaa kwenye kibao nikiyapima. Uhuru niliutaka, sitadanganya. Lakini alfajiri ile nilimwona mtu anavua uongo wake mbele yangu, gizani, bila kulazimishwa. Nikaona nikinyamaza, sasa mwongo nitakuwa mimi.

Nikamwandikia ujumbe kwa simu:

"Baba Mboni, eda si miezi mitatu. Ni tohara tatu. Ya tatu inaisha, labda leo. Sikuombi. Nakujulisha."

Simu ikaita kabla sijaiweka chini.

"Nani kasema leo?"

"Mwili wangu."

"Mbona hukuniambia alfajiri?"

"Ulikuwa na hesabu zako."

Nikasikia maji yanamwagika, na mtu anamuuliza kulikoni.

"Tausi, sina kazi."

"Najua."

"Bado unanitaka?"

"Masomo siachi. Nikirudi saa mbili usiku, uwe umepika au umempa mtoto mihogo tu, sitaki kununiwa. Na ukinificha tena jambo kama hili, mimi mwenyewe nitaondoka."

"Usiache masomo."

"Ndio jibu lako?"

"Ndio la kwanza. Haji! Funga hayo maji, njoo usikilize!"

"Nisikilize nini, sabuni imenijaa masikioni!" sauti ikajibu.

"Uwe shahidi!"

Nikaiweka simu kwa sauti kubwa. Shangazi Khadija akasogea, mikono yake myeupe kwa nazi.

"Tausi binti Ayubu," Uweso akasema, "nimekurejea kwenye ndoa yangu."

"Nimesikia," akasema Haji.

"Na mimi nimesikia, mwehu wee," akasema Shangazi Khadija, akajifuta macho kwa kiwiko.

Damu ilikuja muda mchache kabla ya adhana ya adhuhuri. Nilikaa chooni nikalia, si kwa furaha hasa. Kwa kuchoka.

Nilipotoka, Uweso alikuwa amekwisha fika. Suruali imelowa hadi magotini, ovaroli ameikunja kwapani. Hakujua aingie chumba gani. Nikampokea ovaroli, vidole vyetu vikagusana, na hakuna aliyeondoa mkono.

Mboni alikuwa mkekani akichezea vifuniko vya chupa. Akainua uso, akamtazama baba yake, kisha jua lililokuwa limejaa mlangoni.

"Baba leo yupo mchana."