Mtungi wa Kulia

Mtungi wa hewa wa kulia ulikuwa umekauka tena.

Salme aliitazama geji, kisha akamtazama Kaingu, mwanafunzi wake mwenye kitambi, mtu aliyesugua sitaha za meli hadi Durban na kupotea njia Salalah. Utu uzima huu alikuwa akijifunza kuzamia na mitungi miwili ubavuni, mmoja kila upande, apate kupenya matundu membamba ya matumbawe. "Tumbo limekataa kuhama," alipenda kusema, "basi uhame mzigo wa mgongoni."

Leo hakuna aliyecheka katika karakana ile ya Mkomani.

"Kaka Kaingu, nimekufunza nini? Pumua huku kidogo, uhamie huku kidogo, mitungi ishuke sawa. Wewe huu umeumaliza, ule umejaa. Ukinifia pangoni, mkeo nitamwambia nini?"

"Haki ya Mungu, mwalimu, wa kulia sijautia mdomoni."

"Usinifanye mjinga."

Akaujaza, akauzamisha kwenye pipa la maji kutafuta panapovuja. Hakukutoka hata povu. Kwa hasira akautia mdomoni mpira wa hewa aujaribu mwenyewe, akautema papo hapo. Ulikuwa na joto, kama umetoka kinywani mwa mtu sasa hivi, na ulinuka udi na nywele mbichi.

"Ulimpa nani hewa?" aliuliza kwa sauti ya chini.

"Si wewe? Jumamosi, pangoni. Maji yalitibuka, ukapitisha kiganja shingoni, ishara ya kuishiwa hewa, nikakupa mpira mrefu wa kulia. Umenifunza mwenyewe, aombaye hewa hanyimwi."

"Jumamosi sikuingia pangoni. Nilibaki mlangoni nimeshika kamba."

Kaingu akakaa chini. "Kumbe nafuga mgeni asiyejua kuaga."

Salme akafunga koki, akausimamisha mtungi mbele yake. "Huna haya wewe. Uliazimwa pumzi moja tu. Toka." Akasoma Ayatul Kursi, meno yamekazana, na kutoka kwenye mpira ule, ilhali koki imefungwa, ikasikika pumzi ikiingia na kutoka, taratibu kama ya aliyelala, kisha kwa haraka, kisha kwa haraka zaidi, kama ya mtu anayecheka amefumba mdomo, harufu ya udi ikapanda hadi macho yakawatoka machozi, na ghafla pumzi ile ikakatika.

"Imetoka," alisema Salme.

"Imekwenda wapi?"

Salme akamwona amejishika ubavu. Akamsogelea, akamfunua shati.

"Kaka Kaingu, zuia pumzi."

Akazuia. Kifua cha kushoto kikatulia tuli. Cha kulia kikaendelea, kikipanda na kushuka, bila haraka yoyote.