Wakili Wetu Sasa Ni Waziri

Fundi cherehani alikuwa akishona pindo la gauni. Mumewe alikuwa akipiga pasi huku akisikiliza redio. Ghafla akaisimamisha pasi na kupiga makofi.

"Mke wangu, umesikia? Wakili wetu amekuwa waziri!"

Walimfahamu tangu hajulikani. Alianza kwa kutetea wapangaji, katika kiofisi kidogo juu ya duka la vyuma. Akapata jina. Akagombea ubunge, akapita. Sasa uwaziri. Na yeye ndiye aliyekuwa akiwatetea katika kesi ya nyumba yao. Tajiri mmoja wa mtaani alidai imejengwa kwenye kiwanja chake.

Basi mume akavimba kichwa. "Nani atatugusa sasa?" alimwambia kila mteja. Mahakamani hakukanyaga tena.

Fundi hakufurahi hata kidogo. Mbona wakili hapokei simu? Na juzi, kwenye televisheni, mbona alikuwa akicheka na tajiri yuleyule?

Siku moja akaja bwana mmoja, viatu vinang'aa.

"Mimi ni mtu wa waziri," alisema. "Kesi yenu itamalizwa kimyakimya. Msihangaike kwenda mahakamani."

Mume alimshukuru mpaka akaishiwa maneno. Lakini fundi machale yalimcheza. Mtu mwema gani huyu, anayewazuia watu kwenda kwenye kesi yao wenyewe?

Aliliacha gauni kwenye cherehani, akaenda kwa jirani yao, mama aliyestaafu ukarani wa mahakama.

"Shikamoo, mama. Eti waziri anaweza kutumalizia kesi?"

"Marahaba. Nani kakudanganya, mwanangu? Hapa kwetu wakili akiwa waziri, haruhusiwi tena kusimamia kesi za watu. Na hakimu hapokei amri ya waziri."

"Kwa hiyo kesi yetu sasa ni ya nani?"

"Ni yenu, kama zamani! Nendeni masjala ya mahakama, kule wanakotunza majalada. Ulizeni siku ya kesi. Msipofika, hakimu anaweza kusikiliza upande mmoja tu na kuamua. Kisha tafuteni wakili mwingine. Kama hamna uwezo, kuna ofisi ya msaada wa kisheria. Ni bure."

Fundi akarudi akamburuta mumewe, wakaenda. Karani wa masjala akafunua jalada. "Kesi yenu ni kesho," alisema.

Mume alinywea, maringo yote yakamtoka.

Kesho yake walifika mapema. Tajiri alikuwa ameshakaa. Nyuma yake, akimshikia mkoba, alikuwa yule bwana wa viatu vinavyong'aa!

Wakili wa tajiri alisimama bila kutazama nyuma. "Mheshimiwa, naona upande wa pili haukufika."

"Tupo!" fundi alisema. "Mheshimiwa, wakili wetu ameingia serikalini. Tunaomba muda tutafute mwingine."

Hakimu aliwapa muda. Ofisi ya msaada wa kisheria iliwapatia wakili, mwanamke asiye na makeke. Pande zote mbili zikasikilizwa, mashahidi wakahojiwa. Mwishowe hakimu akaamua kwamba nyumba ni yao.

Wateja bado huuliza, "Kwani yule bwana alitumwa na waziri, au na tajiri peke yake?"

"Mpaka leo sijui," hujibu fundi, "na simwamini hata mmoja. Ninachojua ni kwamba tungekaa nyumbani siku ile, leo tusingekuwa na nyumba ya kukaa. Haya, simama wima nikupime."