Mkono wa Kushoto wa Askofu Carveth

Jioni ile Tamsin Rowe alipeleka mashuka safi nyumbani kwa marehemu askofu. Mashuka yalikuwa kisingizio tu. Alichokifuata ni mkono.

Miaka thelathini Askofu Carveth alipanda farasi kwenye matope ya Cornwall, akiwapa vijana kipaimara. Umati ulikuwa mkubwa, basi aliwapigisha magoti wawili wawili: huyu akiwekewa kichwani mkono wa kulia, yule wa kushoto. Na nani asiyejua? Aliyeangukiwa na wa kushoto hana ndoa. Tamsin aliangukiwa. Mchumba wa kwanza alifukiwa na mgodi wa bati, wa pili akafa kwa homa, na wenye midomo yao hawakumwacha apumue. Sasa Jago, wa tatu, alikuwa ameapa hashuki mgodini wala hafungi ndoa mpaka mkosi ule uondolewe. Maskini, nani angemlaumu?

Shangazi Loveday, mtunza nyumba ya askofu, akamfungulia mlango wa uani.

"Fanya upesi, mwanangu. Mapadri wako mezani, wanammalizia marehemu kondoo wake."

"Nilindie hapo mlangoni, Shangazi."

Chumba kilinuka nta, na kitu kingine kitamutamu kilichoanza kuharibika. Mikono ya maiti ilikuwa imepishanishwa kifuani. Tamsin akapiga magoti, akauinua wa kulia, akauweka kichwani pake.

"Baba Askofu," akanong'ona, "ulikosea. Nibadilishie."



Kisha mkono ukawa mzito zaidi... Vidole vikajikunja taratibu ndani ya nywele zake. Alifurahi, jamani. Alidhani amekubaliwa.

Mkono ukajiondoa wenyewe.

Joho likachakarika. Kitu kikavuka kifua cha maiti, polepole... kikipapasa. Kikamgusa sikio. Kikapanda.

Ulikuwa wa kushoto.

Na juu yake sauti kavu ikasema, "Sikukosea."

Loveday alimkuta sakafuni. Mikono ya askofu ilikuwa imepishana kifuani kama Loveday mwenyewe alivyoilaza.

"Misuli ya maiti hujivuta, mwanangu. Nimeosha wengi mimi."

"Na sauti je?"

"Hewa hiyo. Hutoka tumboni." Alisema hivyo, lakini alikataa katakata kubaki mle ndani kutandika mashuka.

Jago alikuwa akingoja getini, akipuliza viganja kwa baridi.

"Haya, mpenzi! Amekuwekea upi?"

Tamsin akamtazama usoni. Akisema kweli, Jago angegeuka aende zake, na wa nne asingekuja. Alimpenda mno. Hofu ya kubaki peke yake ikamshinda.

"Wa kulia."

Jago akarusha kofia juu, akamkumbatia mpaka miguu ikaacha ardhi.

"Basi kesho alfajiri nashuka mgodini!"

Tamsin akacheka naye. Hakumzuia.