Geti la Mpakani

Jua lilikuwa linazama nilipofika mpakani na mfuko wangu. Ndani mlikuwa na shati moja tu, la mdogo wangu Faustine. Alizama bahari ya Libya akienda Ulaya. Mashua yao ilizuiwa, ikapinduka, mwili haukupatikana. Mwenzake aliyepona ndiye aliyelileta shati mpaka Kisumu, nami nikalifuata.

Nilikuwa nalipeleka nyumbani kwa mama, Mugeta. Alinionya: "Dorkas, aliyefia mbali hajui njia. Kila mto, kila geti, mwite, mwambie mnapita. Na usije ukasema uko peke yako. Ataamini."

Mimi ni mwanakwaya wa kanisa la Nyasho, mambo hayo nilikuwaga nayacheka. Lakini mama ni mama. Nikanong'ona njia nzima.

"Faustine, tunapita geti. Twende."

"Dada, unaongea na nani?"

Ni afande wa zamu. Ananijua, napitaga pale na mitumba. Foleni ikageuka. Mtu akacheka. Aibu ikanipanda mpaka masikioni.

"Na nani tena, afande? Niko peke yangu."

Mfuko ukawa mwepesi.

Nikavuka. Nyuma yangu afande akasema taratibu:

"Na wewe, kijana... karatasi zako?"

Nikageuka. Mbele yake hapakuwa na mtu. Sakafuni maji... na harufu ya chumvi. Ziwa letu halina chumvi.

Ningerudi nikasema huyo ni wa kwetu, niko naye. Basi tu. Lakini watu walikuwa wananitazama, nikapanda gari.

Mama alikuwa amechinja jogoo.

"Umekuja naye?"

"Ndiyo, mama."

Akakipakulia chakula kiti kitupu. "Pole na safari, mwanangu." Nilitamani ardhi inimeze.

Kesho yake jioni akapita jirani yetu Gasper, dereva wa lori.

"Mpakani kuna kijana amelowa, hawampitishi. Anasema dada yake ametangulia. Anaomba arudi amsemee."

Mama hakunigombeza. Aliichukua ile sahani akaifunika, kama tunavyomfunikiaga mtu ambaye hajafika.

Alfajiri nilikuwa getini. Nikasema kwa sauti, foleni nzima ikisikia: "Afande, yule kijana ni mdogo wangu. Niko naye."

"Yule aliyelowa? Hakuwa na wa kumsemea, dada. Tumemrudisha alikotoka."

Sijamwambia mama. Kila jioni anamfunikia chakula. Kila asubuhi naikuta sahani imejaa maji ya chumvi, naiosha kabla hajaamka.